Uso wa Falconetti

Swali ni jepesi: una miaka mingapi? Aliyeulizwa ni msichana mfungwa, minyororo miguuni, mbele ya mahakimu wa Kanisa mjini Rouen mwaka 1431. Hajibu upesi. Anainamia vidole vyake, anavihesabu, kisha anasema kumi na tisa, nadhani. Ni kitendo kidogo mno, na mtazamaji anayekodolea macho mavazi ya mahakimu anaweza kukikosa. Lakini hapo hapo tumejua mambo matatu: kwamba binti huyu hakupitia shule, kwamba hataki kusema uongo hata katika jambo dogo kama umri, na kwamba watu wanaomhoji hawajui wafanyeje na mtu wa namna hiyo. Mwigizaji aliyevihesabu vidole hivyo alitimiza miaka 35 kazi ya kupiga filamu ikiwa bado inaendelea. Hakujitia utoto, wala hakuibana sauti iwe nyembamba, kwa kuwa sauti haikuwapo. Filamu yenyewe ni bubu.

Jina lake Renée Falconetti, Mfaransa, mzaliwa wa 1892. Kazi aliyoijua ilikuwa ya jukwaani. Kwenye sinema alionekana mwaka 1917 katika filamu mbili, Le Clown na La Comtesse de Somerive, kisha akarudi kwenye tamthilia zake kwa miaka kumi. Halafu ikaja hii ya tatu, La Passion de Jeanne d'Arc, ya msichana yule wa Rouen, iliyopigwa mwaka 1927 na kuonyeshwa 1928. Baada ya hapo hakuna nyingine. Hayo ndiyo maisha yake yote ya filamu, na sehemu kubwa ya sifa zake inatokana na miezi michache ya mwaka mmoja.

Aliyemtafuta alikuwa mwongozaji kutoka Denmark, Carl Theodor Dreyer. Kampuni ya Société Générale des Films ya Paris ilikuwa imemwalika atengeneze filamu kuhusu mwanamke mmojawapo wa historia ya Ufaransa, na majina yaliyojadiliwa yalikuwa matatu: Marie Antoinette, Catherine de Médicis na Jeanne d'Arc. Wakati ulikuwa wa Jeanne. Kanisa lililomhukumu lilikuwa limemtangaza mtakatifu mwaka 1920, na mwanahistoria Pierre Champion alikuwa amechapisha upya kumbukumbu za kesi yake. Dreyer alimwona Falconetti akicheza La Garçonne, tamthilia ya starehe za mjini, nywele za kisasa na rangi za usoni. Ukimtafuta mtakatifu wa mashambani, hapo ni mahali pa mwisho pa kwenda. Yeye akaenda nyuma ya jukwaa akamwomba amruhusu aujaribu uso wake mbele ya kamera bila kipodozi chochote. Baadaye alieleza kwamba chini ya poda ile aliiona sura ya mwanamke wa shamba, mkweli, aliyewahi kuteseka.

Ombi hilo la kuosha uso lilikuwa zito kuliko linavyosikika leo. Filamu iliyotumika katika miaka ya mwanzo ya sinema, iitwayo othokromati, haikuiona rangi nyekundu. Kila chenye wekundu kilitoka cheusi: midomo, chunusi, mashavu yenye damu. Ndiyo maana waigizaji wa zama zile walijipaka nyeupe mithili ya mizimu na kuchora macho kwa wino mzito. Bila hivyo wangeonekana wana mabaka. Kufikia 1927 filamu mpya, pankromati, ilikuwa imeanza kuenea. Hii iliziona rangi zote, na mpiga picha Rudolph Maté, mzaliwa wa Kraków, alijua cha kufanya nayo. Aliwasha taa, akasogeza kamera karibu, na ngozi ikaonekana kuwa ngozi. Midomo iliyokauka ikaonekana imekauka. Vinyweleo, mikunjo, jasho, mshipa unaotuna kwenye paji la uso wa hakimu mwenye hasira, vyote vikaingia.

Kwa mwigizaji, hiyo ina maana kwamba hakuna pa kujificha. Poda huficha, lakini pia humsaidia mtu kujua yeye ni nani katika mchezo. Ni nusu ya vazi. Falconetti alinyang'anywa nusu hiyo. Kisha akanyang'anywa mandhari pia.

Hapa lazima nisimame kidogo, kwa sababu mandhari ya filamu hii ni kisa. Huko Petit-Clamart, pembezoni mwa Paris, ilijengwa ngome kamili: kuta, minara, kanisa, nyumba, daraja la kuinuliwa. Wabunifu wake walikuwa Hermann Warm, aliyekwisha kujulikana kwa mapambo ya filamu ya Caligari, na Jean Hugo. Waliiga michoro ya vitabu vya kale vilivyoandikwa kwa mkono, ile ambayo nyumba zake zimepinda na madirisha hayako sawa. Kuta zilipakwa rangi ya waridi ili kwenye filamu zitoke za kijivu na zitengane na weupe wa anga. Fedha nyingi zikateketea hapo. Halafu ukitazama filamu, ngome haionekani. Unaona kipande cha ukuta, upinde wa mlango, kivuli. Nafikiri wenye kampuni walikuwa na haki ya kukasirika. Lakini Dreyer hakuijenga kwa ajili ya kamera tu. Aliijenga ili wanaoigiza wapite kwenye malango halisi, waguse mawe, wajue chumba cha mfungwa kiko umbali gani kutoka chumba cha mateso. Nyuma ya uso wa Falconetti akaacha weupe mtupu. Mara nyingi hakuna hata kona ya chumba ya kukuambia amesimama wapi. Macho ya mtazamaji hayana pengine pa kwenda.

Kamera nayo ilishushwa. Ili kuwapiga picha mahakimu kutoka chini, waonekane wakubwa na wenye kuelemea, mafundi walichimba mashimo ardhini na kuiweka kamera ndani. Mashimo yalikuwa mengi hata wafanyakazi wakambandika Dreyer jina la Gruyère, jibini yenye matundu.

Kazi ilianza Mei 1927 na kwenda hadi Novemba. Ilifuata mpangilio ambao wenye fedha huuogopa: tukio la kwanza lilipigwa kwanza, la pili likafuata, hadi la mwisho. Kwa kawaida filamu hupigwa kwa vipande kulingana na mahali. Matukio yote ya gerezani wiki hii, ya uwanjani wiki ijayo, na mwigizaji hulazimika kufa Jumatatu na kukamatwa Alhamisi. Falconetti hakulazimika kuruka hivyo. Uchovu wa mahojiano ya kwanza aliubeba kuingia nao mahojiano ya pili. Kesi ya kweli ilichukua miezi. Filamu imeyakusanya mahojiano yake mengi kana kwamba ni ya siku moja, lakini mwili wa aliyeigiza ulipewa muda wa kuchakaa pole pole.

Waliomzunguka nao walifuata sheria hiyo hiyo ya ukweli usioonekana. Waliocheza mapadri walinyolewa utosi kama watawa, hata wale ambao vichwa vyao vingefunikwa kofia. Eugène Silvain, mzee wa Comédie-Française, alikuwa Askofu Cauchon. Antonin Artaud, ambaye baadaye angejulikana zaidi kwa maandishi yake kuhusu tamthilia, alikuwa Massieu, padri kijana mwenye huruma. Wote walisema maneno ya kesi yenyewe, kutoka kumbukumbu zile za 1431, ingawa hakuna ambaye angewasikia. Ukiuliza faida yake ni nini, tazama mataya yao. Mtu anayesema maneno ya kweli hufunga na kufungua kinywa kwa wakati wake, huvuta pumzi pale sentensi inapomtaka avute. Mtu anayebabaisha maneno huonekana, hata mbele ya viziwi.

Sasa tufike kwenye kazi yenyewe ya kila siku.

Kabla ya picha ngumu, viwambo vilisimamishwa kumzunguka Falconetti. Wasiohitajika walitoka. Waliobaki walinyamaza, jambo lisilo la kawaida katika zama za filamu bubu, ambapo mafundi walikuwa wakigonga misumari upande mmoja huku mapenzi yakiigizwa upande wa pili. Kulikuwa na maana gani kunyamaza, ikiwa hakuna kinasasauti? Dreyer alisimama karibu, akimweleza kwa sauti ya chini. Hakumwonyesha jinsi ya kukunja uso. Alimweleza kilichokuwa kikimpata Jeanne, akasubiri. Picha ikapigwa. Ikapigwa tena. Tena.

Kisha ikaja hatua ambayo mimi naiona ndiyo moyo wa ufundi huu. Inasimuliwa kwamba wawili hao waliketi pamoja kutazama vipande vilivyokwisha kusafishwa vya onyesho moja, mara saba au nane mfululizo, wakitafuta mahali padogo, pengine urefu wa futi chache tu za filamu, ambapo kitu kilikuwa sahihi: namna kope zilivyoinuka, au shaka iliyopita kwenye mdomo. Kipande kilichobaki hakikuwahusu tena. Walipopapata mahali hapo walirudi kupiga onyesho lote upya, wakianzia pale. Fundi wa kuchonga milango hufanya vivyo hivyo anapopitisha kiganja juu ya ubao hadi kiganja kimwonyeshe pa kuweka patasi. Tofauti ni kwamba Falconetti ndiye fundi, na ubao ni yeye mwenyewe. Alilazimika kuutazama uso wake uliokuzwa ukutani, usio na poda, bila kujipenda na bila kujichukia, akiuliza tu: hapa pamekaa, au hapajakaa? Wachache wanaweza kulistahimili hilo mara moja, sembuse mara nane, kwa miezi.

Matokeo yake yanaonekana katika udogo wa anachofanya. Jukwaani mwigizaji humchezea mtu wa safu ya nyuma. Mkono lazima uinuke, kifua lazima kipande. Falconetti alijifunza kuishusha nguvu hiyo yote hadi ikatosha kwenye eneo lililo kati ya nyusi na kidevu. Hapepesi macho ovyo. Anayaacha wazi kwa muda mrefu kuliko tulivyozoea, hadi chozi linajaa lenyewe kwenye ukingo wa jicho na kuteremka, na wakati huo wote shavu limetulia. Akihamisha mtazamo, macho hutangulia na kichwa hufuata kwa kuchelewa, kama kichwa cha mtu ambaye hajalala. Kuna wakati inzi anamtua usoni, naye anamfukuza bila kutoka katika maumivu ya Jeanne. Mwongozaji mwingine angelisimamisha kazi na kuanza upya. Dreyer aliiacha picha ibaki, na alikuwa sahihi, maana gerezani inzi wapo.

Mtazame katika tukio la barua. Padri Loyseleur amemjia kwa hila, akimletea barua ya kughushi kana kwamba imetoka kwa mfalme. Jeanne hajui kusoma. Anamwamini. Baadaye mahakimu wamejaa chumbani mwake, wanamuuliza kama anajiona yuko katika neema ya Mungu. Swali ni mtego wa pande mbili: akisema ndiyo, ana kiburi, akisema hapana, amejihukumu. Massieu anajaribu kumwonya asijibu. Falconetti haonyeshi mtu anayepiga hesabu. Anamtafuta Loyseleur kwa macho, mara anaachana naye, na hapo uso unalegea. Jibu linapokuja, kwamba ikiwa hana neema Mungu amjalie, na ikiwa anayo Mungu amdumishe humo, halina ushindi ndani yake. Mwigizaji mwenye tamaa angelisema jibu lile kwa kujua kwamba amewashinda wasomi. Yeye analisema akiwa mtu aliyechoka, anayesema lililopo. Mahakimu ndio wanaoshtuka.

Karibu na mwisho likaja tukio la nywele. Jeanne amekubali kutia sahihi hati ya kukana, na adhabu yake ni kifungo cha maisha. Kinyozi anaingia kumnyoa. Nywele zilizokatwa ni za Falconetti mwenyewe. Waliokuwapo walisimulia kwamba kulikuwa na ukimya mkubwa, na baadhi ya mafundi walilia. Mimi nastaajabia zaidi linalofuata baada ya kunyolewa. Sakafuni kuna nywele, na kando yake kuna taji alilolisuka kwa nyasi kavu siku za kifungo, lile ambalo askari walimvika kwa dhihaka. Kinyozi anafagia. Fagio linazisukuma nywele, linalisukuma na taji. Jeanne analiona. Hakuna anayesema naye, hakuna anayemshawishi. Ni uso tu unaotazama takataka zikiondolewa, na ndani ya uso huo uamuzi unafanyika: anawaita mahakimu warudi, anaitangua sahihi yake, anachagua moto. Hadithi nzima inageuka juu ya bawaba ndogo kiasi hicho. Ingekuwa mikononi mwa mwigizaji asiyejua kusubiri, tusingeelewa kwa nini amebadili nia. Falconetti anatupa muda wa kuelewa pamoja naye.

Na pale kwenye kuni, mnyongaji anapomfunga, kamba inaanguka. Jeanne anainama, anaiokota, anamrudishia. Anafanya hivyo upesi, kwa adabu ya kawaida, namna mtu wa kijijini anavyomwokotea mwenziwe kitu kilichomponyoka.

Watu wengi wanapoizungumzia filamu hii hupenda hadithi ya ukatili: kwamba Dreyer alimpigisha magoti juu ya mawe kwa saa nyingi hadi akatoa uso ule. Inarudiwa sana, na sidhani ni bahati kwamba inarudiwa. Inamwondolea mwanamke kazi yake na kumpa mwanamume aliyesimama nyuma ya kamera, kana kwamba uso ule ulikamuliwa. Kazi hakika ilikuwa ya kuchosha, na hakuna anayetoka katika miezi kama ile akiwa mzima mzima. Lakini maumivu ya magoti hayamfundishi mtu kuhesabu vidole kwa namna ile, wala hayampi kipimo cha kujua chozi lishuke kabla ya neno au baada yake. Maumivu hutoa uso mmoja. Filamu ina picha zaidi ya elfu moja, nyingi zikiwa za karibu, na katika zile zilizo zake hakuna huzuni mbili zilizofanana.

Ilionyeshwa kwa mara ya kwanza Copenhagen tarehe 21 Aprili 1928. Ilipofika Paris mwezi Oktoba ilikwisha kukatwa hapa na pale kwa shinikizo la wakuu wa Kanisa na wakaguzi wa serikali. Falconetti alirudi jukwaani. Alijaribu kuendesha ukumbi wake mwenyewe, Théâtre de l'Avenue, na akapoteza fedha. Mwaka 1935 alikuwa Andromaque katika La Guerre de Troie n'aura pas lieu ya Giraudoux, chini ya Louis Jouvet. Vita Kuu ya Pili ilimkuta Ulaya, akaishia Amerika ya Kusini, na alifariki Buenos Aires mwezi Desemba 1946. Dreyer hakumpiga picha tena.

Filamu nayo ilipata misiba. Desemba 1928 moto uliwaka Berlin na nakala mama ikateketea. Dreyer hakukaa kuomboleza. Alirudi kwenye vipande alivyovikataa, vile vilivyopigwa mara ya pili, ya tatu, ya tano na kuwekwa kando kwa sababu kilipatikana kilicho bora zaidi. Akavipanga, picha kwa picha, hadi akapata filamu nzima iliyokaribiana sana na ile ya kwanza. Hili si jambo la kawaida hata kidogo. Kwa kawaida makombo ya chumba cha uhariri ni makosa: mwigizaji amejikwaa, amechelewa, amezidisha. Hapa makombo yalitosha kuwa filamu, kwa sababu Falconetti alikuwa ameifanya kazi ile ile kwa kiwango kile kile kila mara kamera ilipozunguka. Bahati haijirudii hivyo. Mwaka 1929 moto mwingine, safari hii kwenye maabara karibu na Paris, ukaila na nakala mama hiyo ya pili.

Zilibaki nakala zilizokatika huku na kule. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 mwanahistoria wa filamu Lo Duca alitoa toleo lenye muziki wa zamani na maandishi aliyoyabandika kwa ladha yake, na Dreyer hakulipenda. Mwaka 1962 Jean-Luc Godard alimkalisha Anna Karina ndani ya jumba la sinema katika Vivre sa vie, akamfanya autazame uso wa Falconetti na kulia. Kisha mwaka 1981, katika hospitali ya wagonjwa wa akili ya Dikemark karibu na Oslo, makopo ya filamu yalikutwa kabatini. Ilikuwa nakala ya toleo la kwanza, lile la Copenhagen, kabla ya makasi na kabla ya moto.

Toleo la Lo Duca lilikuwa limetokana na ile filamu ya pili. Kwa hiyo waliompenda Jeanne wa Falconetti kwa karibu miaka thelathini, wengi wao bila kujua, waliangukia picha ambazo yeye na Dreyer walikuwa wameketi gizani, wakazitazama, wakasema bado.